Parafini

Machi 2024 joto lilipanda Juba hadi serikali ikafunga shule na kuwaonya wazazi wasiwaache watoto wacheze juani. Utabiri ulitaja nyuzi 45. Mbwa walihamia chini ya magari, na maji ya tangi yalitoka bombani yakiwa yamebakiza majani ya chai tu. Mwezi huohuo ikaja barua kutoka wizara ya nishati ya Sudan: mafuta ghafi ya Sudan Kusini yanayopitishwa kwenye ardhi yao kuelekea Bahari ya Shamu hayasafirishiki tena, kwa sababu zilizo nje ya uwezo wao. Bomba limeziba njiani, katika eneo la vita. Mafuta yameganda.

Mji ulicheka, kicheko cha mtu anayeona anafanywa mjinga. Samli huganda Limuru mwezi Julai na mafuta ya nazi huganda Arusha alfajiri, lakini haya ya kuganda jangwani nani aliwahi kuyasikia? Kijana wa boda aliyenipeleka soko la Konyo Konyo wiki ile, Kiswahili chake cha kambi ya Kakuma kikiwa kimenyooka kuliko changu, aliniambia kwamba wakubwa wameyauza mafuta, wamekula pesa, na sasa wanatunga hadithi. Sikumlaumu. Hapa shaka ni akiba ya mtu maskini. Ila safari hii hadithi ilikuwa ya kweli, nami nilikuwa naijua kutoka upande mwingine kabisa, kwa kuwa nafundisha kemia na mada yenyewe iko kwenye silabasi.

Mafuta ya visima vya Paloch, kule Upper Nile, huuzwa kwa jina la Dar Blend, na wanunuzi wanayajua kwa tabia mbili: yana asidi nyingi na yana nta nyingi. Nta hiyo ni parafini. Mkemia akisema parafini anamaanisha ukoo mzima wa haidrokaboni ambao kaboni zake zimeshikana kwa mkono mmoja mmoja, na mikono yote iliyobaki imeshikwa na haidrojeni. Hakuna mkono mtupu. Vitabu vya sasa huuita ukoo huo alkani. Wadogo wa ukoo ni gesi, pamoja na ile ya mtungi wa jikoni. Wa kati ni vimiminika, na humo mnapatikana petroli, mafuta ya taa na dizeli. Wakubwa, kuanzia kaboni 18 hivi kwenda juu, huwa yabisi.

Jina alilitoa Mjerumani Karl von Reichenbach mwaka 1830, alipoitenga nta nyeupe kutoka kwenye lami ya mti. Aliijaribu kwa asidi, akaijaribu kwa alkali, haikuitika. Akaunga maneno mawili ya Kilatini, parum na affinis, yaani isiyo na udugu mwingi. Mwaka 1850 James Young wa Uskoti akapata hataza ya kutengeneza mafuta kutokana na makaa ya mawe, nayo yakaitwa mafuta ya parafini, na jina likasafiri na Waingereza hadi kwenye makoloni yao. Ndiyo maana kule Kitale nilikokulia parafini ilikuwa kitu cha kutumwa dukani na chupa ya soda, wakati mfamasia ana parafini yake ya kulainishia choo na muuza mishumaa wa Konyo Konyo ana ya kwake. Wote watatu wako sawa. Ukoo ni mmoja, wametofautiana urefu.

Basi kitu kisicho na udugu na chochote kiliwezaje kusimamisha hazina ya nchi?

Jibu liko kwenye urefu na unyofu. Molekuli moja ya parafini huvutwa na jirani yake kwa nguvu ndogo mno, ya kugusana tu. Ukiipa joto kidogo hujichomoa ikaenda zake. Lakini ikiwa ndefu na imenyooka, na ya pili yake vilevile, zikalala ubavu kwa ubavu, mguso ule mdogo hujirudia mwili mzima. Aliyewahi kupanga kuni anajua: zilizonyooka hubanana mpaka panya hapiti, zenye matawi huacha mapengo hata uzipige teke. Mnyororo wa kaboni 18 huyeyuka kwenye nyuzi 28. Ongeza kaboni mbili tu, inakuwa karibu nyuzi 37, joto la mwili wa binadamu. Ningekupa kipande chake siku una homa ya malaria, kingekuwa maji kabla hujanirudishia. Mafuta ya Paloch yana minyororo mirefu kuliko hiyo, kwa hiyo huanza kugoma kutiririka yakiwa bado kwenye nyuzi zaidi ya 30, halijoto ambayo mtu wa Kitale angeikimbia akatafute kivuli. Na bomba limefukiwa. Udongo haujui habari za utabiri wa nyuzi 45.

Kinachowashangaza wanafunzi zaidi ni uchache wa nta yenyewe. Si lazima mafuta yote yawe nta. Asilimia chache tu zikishaganda huunda vibapa vyembamba vinavyoungana pembe kwa pembe kuwa wavu, na sehemu kubwa iliyobaki, ambayo yenyewe bado ni kimiminika, hunaswa humo ndani.

Huwa nawaonyesha kwa chupa. Natia mafuta ya taa kidogo kwenye chupa ya kioo ya dawa ya kikohozi, nakatia humo vipande vya mshumaa mpaka viwe kama robo ya ujazo, kisha naisimamisha chupa, kifuniko kikiwa wazi, ndani ya sufuria ya maji ya moto. Maji yenyewe hayatoki maabara. Nanunua birika zima kwa mama chai wa getini, naye kila mara huwaambia wateja wake njooni mmwone mwalimu anayepika mishumaa. Moto wenyewe haufiki darasani. Nta inayeyuka, chupa inakuwa angavu, huwezi kujua kama kuna kitu zaidi ya mafuta. Hapo nagawa kwenye chupa mbili na kuzifunga. Moja naiweka dirishani, asiiguse mtu. Nyingine anapewa mwanafunzi asiyeweza kutulia (kila darasa lina wake) aitikise mpaka kipindi kiishe. Ile ya dirishani huanza kwa ukungu chini, ukungu unapanda, na kengele ikilia unaipindua chupa kichwa chini na hakidondoki kitu. Ya mtikisaji nayo imekuwa nyeupe, imekuwa nzito, lakini inamwagika. Nta ni ileile na ubaridi ni uleule. Nikiwauliza kilicholeta tofauti, darasa zima humgeukia yule mtoto, naye kwa mara ya kwanza muhula ule hana la kusema.

Ninachokipenda katika jaribio hili, au tuseme kinachonisumbua, ni kwamba hakuna ubaya wowote uliotendeka ndani ya chupa. Hakuna kilichoungua wala kuoza. Chambua mafuta yaliyoganda na yanayotiririka, molekuli ni zilezile, haikupungua hata moja. Vimekosekana joto na mwendo tu. Nimezoea kusikia, hapa na kwetu, kwamba jambo likikwama lazima pana aliyelikwamisha, basi asakwe. Mara nyingi yupo kweli. Lakini kuna kukwama kwa aina hii nyingine, na ndani yake unaweza kumsaka mkosaji hadi jua likazama.

Mwaka ule nilikuona kukwama huko kwenye chumba chetu cha walimu. Mafuta huipa serikali ya Juba karibu asilimia 90 ya mapato yake, na bomba lililoziba ndilo lililokuwa likibeba sehemu kubwa ya mafuta hayo. Tuseme kweli, mishahara ilikuwa inachelewa hata kabla ya hapo. Baada ya hapo ikawa haichelewi tena, ikawa haiji. Shule yetu ni ya binafsi, lakini wazazi wengi ni watumishi wa serikali, kwa hiyo karo ikafuata njia ya mshahara, na mshahara wetu ukafuata njia ya karo. Pauni ikashuka hadi mama chai akaacha kuandika bei ubaoni. Alikuwa anakuambia ukishamaliza kunywa.

Kabla ya hapo tulikuwa na desturi ya saa nne. Kila mmoja anatoa chake, inaletwa ful ya maharagwe kwenye sinia moja, mafuta ya ufuta juu, mikate pembeni, na mikono yote humo: Wakenya, Waganda, wenyeji wa Juba na waliotoka majimbo ya mbali. Hakuna aliyetangaza kwamba desturi imekwisha. Mmoja alikosa mchango wake akasema ana kazi ya kusahihisha. Kesho yake wakawa wawili. Mtu huona aibu kuchovya mkate asioulipia, hasa mtu mzima mwenye shahada. Baada ya miezi miwili kila mmoja alikuwa na kona yake, na ukizitazama kona hizo ziligawanyika kwa lugha ya mama, kwa sababu ya kawaida kabisa: mtu hukopa kwa anayeweza kumlilia kwa lugha yake. Mimi nilikuwa kona ya Wakenya. Hakuna aliyemchukia mwenzake. Tulisalimiana vizuri sana, na kila siku chumba kilikuwa kigumu kuliko jana.

Najua msomaji anakoelekea, kwa hiyo nimkatize. Ni rahisi kuichukua chupa yangu na kuieleza nayo Sudan Kusini nzima, makabila yake na vita vyake. Sikubali. Molekuli haichagui ilale karibu na nani. Juba ililipuka Desemba 2013 kwa maamuzi na amri za watu wenye majina na vyeo, na kuliita jambo lile kuganda ni kuwasamehe bila wao kuomba. Chupa yangu inatosha kwa chumba cha walimu, kwa ndugu waliokaa miaka bila kupigiana simu na hawakumbuki waligombania nini, kwa chama cha akina mama kilichoacha kukutana. Zaidi ya hapo naiacha kabatini.

Wahandisi wana njia ya kuuvuruga ule wavu bila moto mwingi. Wanamimina kwenye mafuta kiasi kidogo cha molekuli ndefu zilizojaa matawi. Upande mmoja unafanana na nta vya kutosha kuingia kwenye safu, na matawi yake yanazuia safu isijipange. Inaingia kila mahali na haikai sawa popote. Shuleni tulikuwa na mtu wa namna hiyo, karani wetu. Alizaliwa karibu na Nimule, akakulia Khartoum, akakimbilia kambi ya wakimbizi Adjumani, akamalizia sekondari Eldoret. Kiarabu chake kina Kiganda ndani, Kiswahili chake kina Kinandi, na wenyeji wa kwao humwambia Kimadi chake ni cha mgeni. Kila kona ilimwona ni wa kona nyingine. Yeye ndiye aliyekuwa akipita na daftari lake la mahudhurio, asubuhi na mchana, akipeleka utani wa Waganda kwa Wakenya na malalamiko ya Wakenya kwa wenyeji, mara nyingi akiyaongezea chumvi hadi watu wakainuka kwenda kubisha. Nilikuwa nikimwona ni mbea. Bado ni mbea. Ila asingekuwapo, sijui tungekuwa tunazungumza nini na nani.

Kuna jambo jingine kuhusu bomba hili ambalo huwa silimalizi kulifikiria. Lilikuwa limewahi kusimama kabla. Januari 2012, nusu mwaka baada ya uhuru, Juba yenyewe ilizima visima vyake kwa sababu ya ugomvi na Khartoum kuhusu ada za kupitisha mafuta. Mapipa kama 350,000 kwa siku yakakatika, yakaanza kutoka tena Aprili 2013. Uamuzi ule uliwaumiza watu vibaya na sijui kama nitawahi kuutetea. Hata hivyo, waliofunga walijua wanafunga. Mafuta hayakuachwa yalale bombani, yalisukumwa nje na bomba likajazwa maji, ili siku ya kurudi kuwe na pa kurudia. Mwaka 2024 hakukuwa na nafasi hiyo. Vita vya Sudan vilivyoanza Aprili 2023 vilikuwa vimekaa katikati ya njia, dizeli ya kuendeshea mitambo ya vituo haikufika, na bomba la mafuta likakwama kwa kukosa mafuta.

Kusimama nako kuna adabu zake, basi. Mkuu wetu wa shule aliwaita wazazi mwezi Juni akawaambia bila kuzunguka: pesa hamna na sisi hatuna, leteni watoto, deni tutaliandika, mwenye mahindi alete mahindi, mwenye mbuzi tutazungumza. Wazazi wengine walilia pale pale, wanaume wazima. Shule mbili tatu za jirani hazikusema kitu, zikasubiri, na wazazi wao wakaanza kupita barabara ya nyuma ili wasionane na mhasibu. Deni linalotajwa linaumiza, lakini mwenye nalo bado anapita mlango wa mbele. Tangu hapo nimeanza kuwaandikia watu ninaowadai na wanaonidai, mistari michache tu, kwamba mwezi huu hapana, tuonane baada ya Krismasi. Mke wangu anasema nimekuwa wakili.

Na tusidhani nta hii ni mkosi wa Sudan Kusini peke yake. Kenya ilipoanza kusafirisha mafuta ya Lokichar kwa malori mwaka 2018, yalipakiwa kwenye matangi ya kuhifadhi joto hadi Mombasa, la sivyo yangefika yakiwa ya kukatwa kwa kisu. Shehena ya kwanza iliuzwa nje Agosti 2019. Uganda nayo, mafuta yake ya Ziwa Albert yana tabia hiyohiyo, ndiyo sababu bomba la kutoka Hoima hadi Chongoleani, Tanga, kilomita 1,443, limebuniwa lipashwe moto kwa umeme njia nzima ili mafuta yasishuke chini ya nyuzi 50. Asili ya yote haya ni maziwa ya kale. Mwani wa maji baridi ulikufa, ukazama, ukafunikwa na matope kwa mamilioni ya miaka, na mafuta ya miili yake ndiyo yaliyotoa minyororo hii mirefu iliyonyooka. Mafuta mengi ya Ghuba yalitokana na viumbe wa baharini na hayahitaji kubembelezwa hivi. Ya kwetu yametoka ziwani, na yeyote anayeyauza lazima akubali kuwa mlinzi wa joto.

Januari 2025 Sudan ilitangaza kwamba kizuizi kimeondolewa na mafuta yanaweza kuanza kupita. Magazeti yaliandika kana kwamba mtu amefungua koki. Kuanzisha bomba lililowahi kuganda ni kazi nyingine kabisa kuliko kuliendesha: msukumo unaohitajika kuuvunja ule wavu ni mkubwa kuliko ule wa kila siku, na ukizidisha unapasua chuma. Unakwenda kipande kwa kipande. Wanafunzi wangu wanalijua hilo kwa mikono, maana ile chupa ya dirishani huwa tunaitikisa mwishoni, na inachukua muda mrefu wa kupiga chini ya kitako kabla haijakubali hata kulegea pembeni.

Mwalimu wetu wa fizikia hakurudi. Anauza vipuri vya pikipiki soko la Custom, na anasema hata mshahara ukija mara mbili hatoki pale. Mishahara ya wazazi ilianza kuja kwa vipande, ya mwezi fulani wa mwaka uliotangulia, kisha kimya, kisha nusu. Sinia la ful lilirudi kabla ya pesa kurudi. Karani alilinunua kwa deni, akaliweka katikati ya meza, akatuarifu kwamba kila aliye chumbani tayari ameandikwa kwenye daftari kuwa amekula, ale asile.

Muhula uliopita niliuliza kwenye mtihani: taja njia tatu za kuzuia nta isigande ndani ya bomba. Mwongozo wa kusahihishia ulikuwa na kupasha moto, kuongeza kemikali, na kuchanganya na mafuta mepesi. Binti mmoja wa kidato cha tatu akaandika kupasha moto, akaandika kemikali, na ya tatu akaandika: kumlipa mshahara anayewasha hita. Mkuu wa idara aliikata kwa wino mwekundu, akasema hiyo si kemia. Nikairudisha alama. Akaikata tena. Karatasi sasa iko kwa mkuu wa shule, na karani ameshawaambia walimu wote nani alisema nini, pamoja na maneno ambayo sikumbuki kuyasema.